UZI: Vijana mliomaliza chuo, chukueni leseni ya udereva kabla hamjapata gari

Mzawa wa Kibamba

Wakuu, habari za Jumapili. Uzi ni mrefu kidogo, mwenye haraka zake apite salama.

Nawalenga vijana wa miaka 20 hadi 27 hivi, mliomaliza chuo au kidato cha sita, mko nyumbani mnasikilizia ajira. Kila nikiwagusia habari ya leseni jibu ni lile lile: "Kaka, gari lenyewe sina, leseni ya nini?" Mimi nasema leseni ndiyo inatangulia. Tena kuna watu gari lao wenyewe haliji miaka yote, lakini leseni inawalisha.

Fungua tangazo lolote la kazi ya afisa mauzo, afisa mikopo, mtu wa miradi ya vijijini, fundi wa minara ya simu. Soma sifa zote, shuka mpaka chini kabisa. Utakutana na kamstari kanasema awe na leseni hai ya udereva. Kamstari hako kameshawaacha nje watu wenye GPA za kutisha. Na usijidanganye kwamba utaitwa usaili kwanza ndipo ukimbie kuitafuta. Kwa njia halali leseni haitoki ndani ya wiki.

Halafu kuna suala la muda. Sasa hivi unaamka saa nne asubuhi, hakuna anayekuulizia. Ukishaajiriwa, mwalimu wa udereva atakutaka saa zile zile ambazo bosi anakutaka. Nawajua watu wa benki wana gari nyumbani, mwaka wa pili huu linaendeshwa na shemeji.

Sasa utaratibu. Naongelea Tanzania Bara, Zanzibar wana mamlaka yao na leseni yao.

Uwe umetimiza miaka 18. Uwe na namba ya NIDA, yaani ya kitambulisho cha taifa. Kisha unahitaji TIN, namba ya mlipakodi inayotolewa na TRA, na hapa fungua masikio: unapoomba TIN sema wazi kwamba si ya biashara, ni kwa ajili ya leseni. Kuna vijana wamejikuta wamesajiliwa kama wafanyabiashara, baada ya muda wanatakiwa kupeleka hesabu za duka ambalo hawajawahi kulifungua. TIN ni bure, usimlipe mtu.

Ukiwa na TIN unachukua leseni ya kujifunzia, ile tunayoiita lena. Ada yake ni shilingi 10,000 na inadumu miezi mitatu. Kwenye mpangilio wa madaraja inasomeka H. Lena haikupi ruhusa ya kuzunguka na gari peke yako. Gari liwe na kibao cha L, pembeni awepo mwenye sifa ya kukufundisha. Mshikaji wako aliyeanza kuendesha mwezi uliopita hahesabiki.

Hapo unaingia shule ya udereva iliyosajiliwa, unasoma, unapewa cheti. Unakwenda kupimwa na polisi wa usalama barabarani, ada ya mtihani ni 3,000. Ukifaulu unapata hati ya umahiri, ndipo unarudi TRA kulipia leseni yenyewe. Leseni ni 70,000 kwa miaka mitano. Wanaolalamika kwamba imepanda wakumbuke hadi 2019 ilikuwa 40,000 kwa miaka mitatu, ukigawanya kwa mwaka ni kama kitu kile kile. Unapigwa picha, unaweka alama za vidole na saini.

Kwa hiyo cha serikali chote ni 83,000. Kinachobaki ni ada ya shule, na hapo ndipo vijana wengi wanapigwa.

Usiulize bei kwanza. Uliza gari moja linabeba wanafunzi wangapi kwa kipindi. Zipo shule mnapakiwa wanne kwenye gari moja, saa nzima inakatika, wewe umeshika usukani dakika chache, muda mwingine wote uko siti ya nyuma unamwangalia mwenzako anavyozima gari. Halafu jioni kwenye daftari mmeandikiwa wote saa nzima. Shule ya laki moja na nusu ya namna hiyo ni ghali kuliko ya laki tatu inayokuweka peke yako na mwalimu.

Nadharia msiidharau. Hakuna haja ya kukariri picha za alama zote usiku mmoja, anza na maumbo. Pembetatu yenye ukingo mwekundu inakutahadharisha. Duara lenye ukingo mwekundu linakukataza. Duara la bluu linakuamuru. Pembe nane nyekundu ni SIMAMA, na maana yake tairi zisimame kabisa, siyo kupunguza mwendo ukachungulia. Ukishika hilo, hata alama ambayo hujawahi kuiona utaibahatisha vizuri.

Kwenye vitendo, kinachowaangusha wengi ni klachi. Mwalimu wangu alikuwa mzee mmoja hana maneno mengi. Alinipeleka kwenye kamwinuko ka mtaani, akasema nisikanyage mafuta kabisa mpaka aniambie. Gia namba moja, hendibreki juu, inua mguu wa klachi nusu kwa nusu. Ikifika mahali fulani mlio wa injini unashuka na boneti inanyanyuka kidogo. Hapo klachi imeshika. Usiendelee kuinua, tuliza mguu hapo hapo, ongeza mafuta kidogo, ndipo uteremshe hendibreki. Tulirudia zoezi hilo tu, asubuhi nzima, mpaka goti likawa linatetemeka. Siku ya mtihani nilipoambiwa niondoke kwenye kilima wala sikushtuka.

Naishia hapo kwanza. Mwenye swali au nyongeza karibu.

---

MtuWaPwani

Mleta uzi umeandika vizuri ila nakupinga. Leseni bila gari ni kadi ya kujaza pochi. Nina binamu yangu alichukua leseni akiwa chuo, mpaka inaisha muda hajagusa usukani hata mara moja. Siku amepata gari akaanza upya kulipa mwalimu. Sasa 70,000 ilikuwa ya nini?

---

Mzawa wa Kibamba

@MtuWaPwani binamu yako tatizo lake siyo leseni, ni kukaa bila kuendesha. Kijana mwenye leseni anajipendekeza. Mjomba anakwenda msibani Morogoro, wewe unajitolea umpokee usukani kuanzia Chalinze. Jirani anataka gari lake lipelekwe gereji, unapeleka. Baba mwenye nyumba anataka mtu wa kumwendesha Jumapili kanisani, upo. Ukishajulikana mtaani kwamba una leseni na una adabu na gari la mtu, hukosi cha kushika.

---

Dogo wa Makambako

Kuna kitu hamjakisema. Ukiwa unaendesha gari la mtu, likigongwa unalipa na nini? Mimi ndiyo kinaniogopesha.

---

nyanda_wa_bima

Ngoja nijibu hili, niko kwenye mambo hayo.

Kitu cha kwanza kumuuliza mwenye gari ni bima. Kama ana ile ndogo, ya mtu wa tatu, inalipa uliyemgonga, gari lenyewe haligusi. Kama ana bima kubwa, gari linatengenezwa ila kuna sehemu mwenye gari anachangia. Kubalianeni hiyo itatoka mfuko wa nani kabla hujapewa ufunguo, siyo baada ya kuvunja taa.

Cha pili ndicho kikubwa. Kampuni ya bima ikipokea madai inaomba nakala ya leseni ya aliyekuwa anaendesha. Leseni imeisha, au daraja siyo la gari lile, madai yanakataliwa. Nimeona madai ya mamilioni yakikataliwa kwa leseni ambayo muda wake ulikuwa umeshapita. Kwa hiyo mnaomiliki magari, msiwape vijana ufunguo kwa sababu tu "anajua kuendesha".

---

Chapchap Mtaa

Mnajitesa bure wakuu. Kuna mtu unampa hela yake unakaa nyumbani, leseni inakuja. Shule ya nini wakati kuendesha nilifundishwa na bro wangu?

---

Mama Kulwa

@Chapchap Mtaa ndiyo nyie mnaotupandia mpaka kwenye vituo vya daladala.

---

Kondakta Mstaafu

Mwanangu Chapchap, nisikilize mimi niliyekaa barabarani toka enzi za Chai Maharage. Kishoka, huyo mtu wako wa njia za panya, akikuletea leseni, anakuletea moja kati ya mbili. Ama karatasi ya kughushi, ambayo trafiki akiingiza namba kwenye mfumo haionekani, na hapo umeacha kuwa dereva, umekuwa mtuhumiwa. Ama anakuletea leseni ya kweli iliyotoka kwa hati ya uongo. Hiyo ya pili ndiyo mbaya, kwa sababu utaiamini. Utaingia nayo Barabara ya Mandela saa kumi na mbili jioni, katikati ya malori ya bandarini, hujui hata ukifika kiplefti, ule mzunguko wa makutano, nani anampisha nani.

Nikuulize tu hapa hapa mbele za watu: ukifika kiplefti, nani anatangulia?

---

Chapchap Mtaa

Anayewahi 😂

---

Kondakta Mstaafu

Basi. Aliye kulia kwako ndiye wa kwanza, mwanangu. Sisi tunaendesha kushoto, ukiingia kiplefti unakwenda kwa kuzunguka na mkono wa saa, kwa hiyo aliyeshaingia anakujia kutoka kulia. Unasubiri apite. Na unapotaka kutoka unawasha indiketa ya kushoto mapema, ili yule anayesubiri kule mbele ajue wewe hufiki kwake. Hiyo indiketa ya kutokea madereva wengi wa Dar hawaijui, na ndiyo maana viplefti vyetu vinafunga.

---

Ngosha wa Igoma

Naombeni kuuliza wakuu. Hapa Mwanza shule nyingi wanatumia gari za manual kujifunzia, lakini gari zote mtaani siku hizi ni auto. IST, Vitz, Passo, Raum, zote auto. Kuna ulazima gani wa kuhangaika na klachi? Halafu milima ya huku mnaijua. Kupanda Bugando na manual ukiwa mwanafunzi ni mateso.

---

MtuWaPwani

Naunga mkono. Klachi imepitwa na wakati.

---

Kondakta Mstaafu

Manual jifunze kwa sababu ya kazi. Gari la mtu wa nyumbani kweli ni auto. Gari la ofisi, lile la kwenda Kasulu au Tunduru na maboksi ya dawa nyuma, mara nyingi ni pikapu au Land Cruiser ya gia za mkono. Ukifika siku ya kwanza kazini ukasema mimi najua auto tu, watakutazama.

Na sababu nyingine ni milima. Dereva wa auto aliyezoea Dar anashuka Kitonga kaweka D, mguu uko kwenye breki kutoka juu mpaka chini. Breki zinachemka, zinaanza kunuka, zikichemka sana unakanyaga hamna kitu. Dereva aliyefundwa kwenye manual anajua kushuka na gia ndogo, injini yenyewe inalizuia gari, breki anazigusa tu kwenye kona. Akihamia kwenye auto anajua na zile namba 2 na L pale kwenye gia zimewekwa kwa kazi hiyo. Waulizeni wenye auto humu ndani kama wamewahi kuitumia L.

---

Mama Kulwa

Mimi nina miaka sita na auto na sijawahi kuitumia hiyo L 🙈 nilidhani ni ya kujifunzia.

---

Kondakta Mstaafu

@Mama Kulwa ni ya mteremko mkali na mwinuko mkali, dada. Usiiweke ukiwa kwenye mwendo mkubwa, punguza kwanza.

---

Bint Msafiri

Niko Reading, Uingereza, nawaongezea kitu kuhusu auto. Huku ukifanya mtihani kwa gari la auto, leseni yako inakuruhusu auto tu. Ukitaka manual unafanya mtihani tena. Kwa hiyo wenye mpango wa kuja huku, shikeni klachi.

Na msije mkadhani mkija na leseni ya nyumbani mambo yamekwisha. Ukishakuwa mkazi unaitumia miezi 12 tu, baada ya hapo unaanza kama mtu asiyejua kitu. Unachukua leseni ya kujifunzia, unafanya mtihani wa nadharia wenye maswali 50 na unatakiwa upate 43. Siku hiyo hiyo unawekewa video za barabarani, unabonyeza pale unapoona hatari inaanza kujitokeza, mtoto kachomoza nyuma ya gari lililopaki, baiskeli imeyumba. Alama 75, kufaulu ni 44. Ukibonyeza ovyo ovyo kila sekunde video ile inahesabiwa sifuri.

Ukivuka hapo ndipo unaingia barabarani na mkaguzi, kama dakika 40. Makosa madogo yanavumiliwa hadi 15. Kosa moja kubwa, umerudi nyumbani. Wabongo wengi tunaokuja na uzoefu wetu tunaangushwa na kutotazama saitimira, kwa sababu nyumbani tumezoea honi inatuambia kila kitu. Mkaguzi anakaa anakuangalia macho yako, sio mikono.

---

Mjukuu wa Likoni

Mimi niko Mombasa, nawasoma tu nacheka. Nyinyi hamjaonja ubao.

Hapa Kenya siku ya mtihani wa NTSA, mamlaka yetu ya usalama barabarani, kabla hujaingia garini, unawekwa mbele ya ubao mkubwa mezani. Umechorwa mji mzima, barabara, mizunguko, makutano, maegesho, na kuna kigari cha kuchezea. Afisa anakwambia, "Toka hapa, nipeleke pale." Basi mtu mzima na ndevu zake anashika kigari anakisukuma na kidole, huku anaeleza kwa sauti: naangalia kioo, natoa ishara, naingia leni ya kushoto, nampisha aliye kulia. Ukisukuma kimya kimya bila maelezo, umeanguka. Ukiruka mstari ulionyooka usiokatika, umeanguka.

Watu wanakicheka sana kile kigari na wengine wanasema kiondolewe. Mimi nakitetea. Pale ndipo utajua mtu anajua barabara au anajua usukani tu. Yule mzee wa kiplefti hapo juu angefaulu na nyota.

---

Mzawa wa Kibamba

@Mjukuu wa Likoni nimecheka mpaka jirani kauliza kuna nini. Ila ingeletwa na huku, nusu ya wenye leseni tungeirudisha.

---

Salma_wa_Tabata

Naomba niongee upande wa sisi wasichana maana uzi wote ni kaka, kaka.

Mnaokwenda kujifunza, ulizeni kabla ya kulipa kama shule ina mwalimu wa kike, na kama haina, semeni mapema mnataka kujifunza mkiwa wawili garini. Siyo kila mwalimu ana shida, wengi wanafanya kazi yao vizuri. Ila kuna wale mkono wa kurekebisha gia unachelewa kurudi. Mimi nilimwambia wa kwangu mbele ya mwanafunzi mwenzangu, "Mwalimu, gia nimeiona, niachie," akaelewa. Isipoeleweka, nenda kwa mwenye shule ukabadilishiwe. Umelipa, haumbembelezi mtu.

Kingine, vaeni viatu vya chini vyenye soli nyembamba. Kwa kiatu kinene huisikii klachi inaposhika, na kwa kandambili mguu unateleza.

Na siti. Mimi ni mfupi, wiki ya kwanza nilikuwa nanyoosha mguu mpaka nainuka kitini ndipo klachi ifike chini. Nikaambiwa sina nguvu. Kumbe hakuna aliyenionyesha kile chuma chini ya siti. Kabla ya kuwasha gari sogeza kiti mpaka ukikandamiza klachi yote goti libaki limekunjika kidogo. Kisha vioo, kisha mkanda. Wakaguzi wanaangalia mpangilio huo, mtu akiwasha gari kwanza ndipo aanze kuhangaika na vioo anajiharibia.

---

Dogo wa Makambako

Dada Salma asante, hiyo ya siti hakuna aliyewahi kuniambia.

Swali langu la mwisho kwa mleta uzi. Nimeona matangazo yanataka daraja D, mengine wanasema B au D. Tofauti ni ipi, na wewe unashauri ipi?

---

Mzawa wa Kibamba

@Dogo wa Makambako swali zuri, lilipaswa kuwa juu kabisa.

B ni magari ya kawaida yasiyo ya biashara. Haihusiki na pikipiki, gari la biashara, mazito wala ya abiria. D inakufungulia na gari la biashara, ila bado siyo mazito wala ya abiria. Ndiyo maana waajiri wanaipenda D, pikapu ya kampuni inayosambaza bidhaa ni gari la biashara. E inaongeza magari mazito. C na vidogo vyake, C1, C2, C3, ni ya kubeba abiria kwa malipo, kuanzia teksi mpaka basi kubwa.

Kwa hiyo kijana anayetafuta kazi za ofisini aseme toka mwanzo pale shuleni kwamba anataka mafunzo na mtihani wa D. Usisubiri leseni itoke ndipo ugundue umepewa B.

Wale wenye ndoto ya teksi za mtandaoni mjue hiyo ni kubeba abiria. Mnasikia mtu anasema "nina leseni, nakodi gari naanza kesho", huyo anajitafutia kesi. Kuna mafunzo yake ya magari ya abiria, chuo cha usafirishaji NIT pale Mabibo wanatoa na vyuo vya ufundi vya VETA pia, na kwa magari makubwa ya abiria hawampi mtu aliyetoka kujifunza jana, wanataka uzoefu.

---

MtuWaPwani

Haya, nimelainika kidogo. Ila bado nasema mtu asiye na pa kufanyia mazoezi asubiri.

---

Salma_wa_Tabata

@MtuWaPwani pa kufanyia mazoezi panatafutwa. Sisi tulichanga wanne baada ya kupata leseni, tukawa tunakodi kagari Jumapili asubuhi, kabla ya saa mbili barabara za Kigamboni huko ndani ni tupu. Kila mtu na zamu yake, mafuta tunagawana. Wawili kati yetu walishapata kazi zinazohitaji kuendesha, gari hakuna hata mmoja aliyenalo.

---

Kigoma Mwisho wa Reli

Lena yangu inaisha wiki ijayo na tarehe ya mtihani bado sijapangiwa. Naenda hivyo hivyo au?

---

nyanda_wa_bima

@Kigoma Mwisho wa Reli usiende na lena iliyokufa. Lipia nyingine, ni 10,000. Ukikamatwa unajifunza bila leseni hai faini ya kosa moja tu la barabarani ni 30,000, na ukigusa gari la mtu hapo katikati, bima hawatakujua. Halafu wabane shule wakupangie tarehe, cheti umeshapata wanakuchelewesha nini?

---

Kigoma Mwisho wa Reli

Wanasema mpaka tutimie wengi twende pamoja.

---

Mzawa wa Kibamba

Hiyo ni kawaida yao, wanapeleka kwa kundi. Waulize kundi lina wangapi na linahitaji wangapi, ukipewa namba utajua kama ni wiki moja au mwezi. Wakishindwa kukutajia namba, chukua cheti chako uende mwenyewe ofisi ya trafiki ya wilaya ukaulizie siku za mtihani. Beba na nakala ya lena mpya, kitambulisho, na kama unavaa miwani nenda nayo usoni, usiiache kwenye begi.

---

Chapchap Mtaa

Mzee Kondakta, hivi ile shule ya kukaa peke yako na mwalimu, Temeke kuna unayoijua? Nitumie faragha.

---

Kondakta Mstaafu

Nimekutumia. Kaanze na nadharia.